Sura ya Tano: Ndege Tatu

Jioni ya tarehe 1 Mei 1991, mwalimu mmoja kutoka Zaire, nchi ambayo leo ni Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, alifikishwa uwanja wa ndege wa Heathrow, London, akisindikizwa ili arudishwe Kinshasa. Alikuwa ameingia Uingereza Septemba 1990 akiomba hifadhi ya ukimbizi, na ombi lake lilikuwa limekataliwa. Katika kumbukumbu za mahakama jina lake limefichwa na anatajwa kwa herufi moja tu, M. Ndege ilipangiwa kuondoka saa kumi na mbili na nusu jioni. Muda mfupi kabla ya hapo, mawakili wake wapya walikuwa wamesimama mbele ya Jaji Garland wakimweleza kwamba yapo mambo ambayo hayajasikilizwa na yeyote.

Jaji alitaka kitu kidogo tu: safari iahirishwe, asikilize hoja hizo kesho yake asubuhi. Alimaliza kikao akiamini kwamba wakili wa serikali ameahidi M hataondoshwa. Wakili wa serikali alitoka katika kikao hichohicho akiamini hakuahidi lolote. Ndege ikaruka na M akiwa ndani. Ilitua Paris, ambako alitakiwa kubadilisha ndege. Hapo kulikuwa bado na nafasi ya kumzuia, lakini haikutumika.

Usiku huo mawakili walimfuata jaji nyumbani kwake. Akaandika amri kwamba Waziri wa Mambo ya Ndani ahakikishe M anarudishwa Uingereza. Maofisa wa wizara, kwa heshima yao, walianza kuitekeleza na wakapanga safari ya kumrejesha. Ndipo tarehe 2 Mei waziri mwenyewe, Kenneth Baker, alipokaa na washauri wake wa sheria. Walimwambia mahakama haina uwezo wa kumwamuru waziri wa Malkia kwa zuio, hivyo amri ile haikuwa halali. Baker akaufuta mpango wa kumrejesha M, akaagiza amri ikapingwe mahakamani.

Nimeanza na kisa hiki kwa sababu Baker hakuwa mkorofi anayetukana majaji. Alikuwa na ushauri wa kisheria mkononi, na kwa kadiri sheria ya Uingereza ilivyoeleweka wakati ule, ushauri huo haukuwa wa kipuuzi. Hata Jaji Garland mwenyewe, alipoombwa tarehe 3 Mei, aliiondoa amri yake. Bado Mahakama ya Rufaa, Novemba 1991, kwa kura mbili dhidi ya moja, ilimtia waziri hatiani kwa kudharau mahakama. Shauri likapanda hadi jopo la majaji la Baraza la Malodi, ambalo mnamo Julai 1993 lilithibitisha hatia hiyo, ila likaihamisha kutoka kwa Baker binafsi hadi kwenye cheo cha waziri. Lord Templeman alisema, kwa maneno ambayo wanafunzi wa sheria huyasoma mpaka leo, kwamba kama waziri hawezi kufikishwa mahakamani kwa dharau, basi serikali inatii sheria kwa hisani yake na si kwa kulazimika, na kwamba kulikubali hilo ni kuyageuza matokeo ya vita vya wenyewe kwa wenyewe ambavyo Waingereza walipigana katika karne ya 17.

Hakuna aliyefungwa, wala hakuna aliyetozwa faini. Adhabu iliishia kwenye gharama za kesi.

Kanuni iliyobaki ndiyo moyo wa sura hii. Amri ya mahakama hutiiwa tangu inapotolewa mpaka itakapoondolewa na mahakama. Anayeiona ina kasoro, hata anayeamini kwamba jaji hakuwa na mamlaka kabisa, anao mlango mmoja wa kupitia, nao ni kurudi mahakamani kuomba iondolewe. Hana ruhusa ya kuipima amri ofisini mwake, kuikuta pungufu, kisha kuendelea na kazi.

Kwa nini kanuni hiyo iwe kali kiasi hicho, hasa kwenye zuio? Hukumu ya mwisho husema nani ana haki. Zuio halisemi hivyo. Linasema subiri: nyumba isibomolewe, mtu asisafirishwe, kodi isikatwe, ardhi isigawanywe, mpaka pande zote zisikilizwe. Jaji hutoa zuio akijua kwamba anayeliomba anaweza kushindwa mwishoni, na analitoa kwa sababu jambo likishafanyika, hata ushindi hautakuwa na kitu cha kuokoa. Ofisa anayelikaidi, kwa hiyo, anaamua kesi nzima peke yake, kabla ya jaji, na kwa upande wake.

Sasa twende Nairobi. Tarehe 30 Januari 2018 kiongozi wa upinzani, Raila Odinga, aliapishwa kuwa “rais wa wananchi” katika bustani ya Uhuru Park. Wakili Miguna Miguna alikuwa jukwaani. Siku chache baadaye, tarehe 2 Februari, polisi walimkamata. Mahakama Kuu iliagiza aachiliwe, kisha ikaagiza aletwe mbele ya jaji. Hakuletwa. Usiku wa tarehe 6 Februari alipakiwa kwenye ndege kwenda Canada, nchi ambayo pia ana uraia wake.

Alirudi tarehe 26 Machi. Hakuvuka ukumbi wa uwanja wa Jomo Kenyatta. Kwa siku tatu alishikiliwa humo uwanjani huku amri za kumwachilia zikitoka mahakamani moja baada ya nyingine, na mawakili waliokwenda kuzikabidhi wakizuiwa. Tarehe 28 Machi Jaji George Odunga aliwatia hatiani kwa kudharau mahakama Waziri wa Usalama wa Ndani Fred Matiang'i, Inspekta Jenerali wa Polisi Joseph Boinnet na Katibu wa Uhamiaji Gordon Kihalangwa. Usiku uleule Miguna alipakiwa tena kwenye ndege, safari hii kwenda Dubai. Kesho yake jaji aliwatoza maofisa hao faini ya shilingi 200,000 kila mmoja, zikatwe kwenye mishahara yao.

Wakenya wengi walikasirishwa na kiwango hicho. Shilingi laki mbili kwa waziri ni kitu gani? Hasira hiyo ilimwendea jaji, lakini chanzo kilikuwa bungeni. Sheria ya Kudharau Mahakama ya mwaka 2016 ilikuwa imeweka kikomo: faini isiyozidi shilingi 200,000, au kifungo kisichozidi miezi sita, au vyote viwili. Kwa faini, Jaji Odunga alikuwa amefika ukingoni.

Na hicho hakikuwa kifungu kibaya kuliko vyote. Kifungu cha 30 cha sheria hiyo kilisema kwamba kabla ya kuichukulia hatua taasisi ya serikali kwa kudharau mahakama, kwanza ofisa wake mkuu wa hesabu apewe notisi ya siku zisizopungua 30 aeleze kwa nini asichukuliwe hatua. Msomaji, hebu iweke notisi hiyo mbele ya kile kilichotokea uwanjani. Mtu amezuiliwa, ndege inasubiri, na sheria inamwambia mwananchi asubiri mwezi mzima. Siku 30 zinaweza kuwa na maana kwa ofisi inayodaiwa fedha. Kwa zuio, ambalo uhai wake huhesabiwa kwa saa, ni sawa na kulifuta. Tarehe 9 Novemba 2018 Jaji Chacha Mwita aliibatilisha sheria yote kwa kukiuka Katiba, ikiwamo kutowashirikisha wananchi katika kuitunga. Kenya ikarudi kwenye kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama, kinachoipa Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufaa mamlaka ya kuadhibu dharau sawa na yale ya Mahakama Kuu ya Uingereza. Ndiyo maana kisa cha mwalimu wa Zaire si hadithi ya mbali kwa wakili wa Nairobi. Ni sehemu ya sheria anayofanyia kazi.

Jaji huyohuyo, Desemba 2018, aliamua kwamba Miguna aliondolewa nchini kinyume cha sheria, akampa fidia ya zaidi ya shilingi milioni 7. Miguna alirudi nyumbani tarehe 20 Oktoba 2022, baada ya serikali kubadilika. Kati ya amri za kwanza na siku hiyo ilipita miaka minne na miezi minane. Kumfungia mtu nje ya nchi yake muda wote huo ndilo tendo ambalo laki mbili mbili za mishahara mitatu zilipaswa kulipia.

Ndege ya tatu iliruka Afrika Kusini na inaelezeka kwa haraka. Juni 2015 Rais Omar al-Bashir wa Sudan, aliyekuwa akitakiwa na Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, alikuwa Johannesburg kwa mkutano wa Umoja wa Afrika. Tarehe 14 Juni Mahakama Kuu ya Pretoria iliamuru asiruhusiwe kuondoka mpaka shauri lisikilizwe. Tarehe 15, wakati wakili wa serikali akiendelea kuwahakikishia majaji kwamba bado yupo nchini, ndege yake ilikuwa imeondoka kutoka kambi ya jeshi la anga ya Waterkloof. Machi 2016 Mahakama Kuu ya Rufaa ya nchi hiyo ilithibitisha kwamba serikali ilivunja sheria. Bashir alikuwa Khartoum.

Zuio hukaidiwa hata pasipo ndege. Mara nyingi zaidi hukaidiwa kwa tingatinga, kwa kiberiti, au kwa tangazo tu. Katika msitu wa Embobut, kwenye milima ya Cherangani nchini Kenya, jamii ya Wasengwer ilipata zuio la Mahakama Kuu ya Eldoret mnamo Machi 2013 dhidi ya kuhamishwa. Serikali iliahidi shilingi 400,000 kwa kila familia ili waondoke, wengine wakazichukua, wengine wakasema ule ni msitu wa mababu zao na hawauzi. Januari 2014 askari wa Huduma ya Misitu waliingia wakachoma nyumba. Mtaalamu wa Umoja wa Mataifa wa haki za watu wa asili, James Anaya, aliitaka Kenya iheshimu haki za jamii hiyo. Familia zilikuwa zimelala nje kwenye baridi ya mlima, na kesi yenyewe ilikuwa haijaamuliwa.

Kisa cha mafuta kinamgusa kila mtu. Tarehe 30 Juni 2023 Jaji Mugure Thande aliisimamisha Sheria ya Fedha ya 2023, ambayo pamoja na mengine ilipandisha kodi ya ongezeko la thamani (VAT) kwenye mafuta kutoka asilimia 8 hadi 16. Siku hiyohiyo mamlaka ya udhibiti wa nishati, EPRA, ilitangaza bei mpya. Petroli jijini Nairobi ikapanda kutoka shilingi 182.04 kwa lita hadi 195.53. Seneta Okiya Omtatah, mmoja wa waliofungua kesi hiyo, alirudi mahakamani kulalamika kwamba amri imedharauliwa. Tarehe 28 Julai Mahakama ya Rufaa ililiondoa zuio. Kwa karibu wiki nne, mwendesha bodaboda alilipa kwenye kituo cha mafuta kodi ambayo jaji alikuwa amesema isikusanywe bado. Hakuna risiti atakayoipeleka popote kurudishiwa.

Ukisoma majibu ya maofisa katika kesi za namna hii, utaona yanafanana. Jibu la kwanza, na linalopendwa zaidi, ni kwamba amri haikunifikia. Lina msingi wake: dharau ya mahakama inaweza kumpeleka mtu jela, na haki haiwezi kumfunga mtu kwa amri asiyoijua. Ndiyo maana kiwango cha ushahidi kinachotakiwa Kenya ni cha juu kuliko kesi ya madai ya kawaida, karibu kifikie kile cha jinai. Inabidi ionekane kwamba amri ilikuwa wazi, kwamba mhusika aliijua, na kwamba aliikaidi kwa makusudi.

Lakini kinga hiyo imegeuzwa kuwa njia ya kujificha. Mlinzi wa getini anaagizwa asipokee karatasi. Katibu muhtasi anasema bosi yuko safarini. Mwanzoni mwa Februari 2018 serikali ilipozima vituo vya televisheni na Jaji Mwita akaamuru virudishwe hewani, Omtatah alizuiwa kuikabidhi amri hiyo kwa Mamlaka ya Mawasiliano, na vituo vikabaki gizani kwa siku kadhaa zaidi. Nchi nzima ilikuwa imesikia habari za amri ile. Mahakama ya Rufaa ya Kenya, katika kesi ya Shimmers Plaza dhidi ya National Bank of Kenya ya mwaka 2015, ilikwisha kuweka msimamo unaofaa: aliyeijua amri amefungwa nayo, hata kama karatasi haikuwekwa mkononi mwake. Kama wakili wake alikuwa mahakamani amri ikisomwa, mteja huchukuliwa kuwa ameijua. Naamini huo ndio msimamo pekee unaoweza kulinda zuio. Mkuu wa idara ya umma ana ofisi ya sheria, ana dereva, ana simu, na hujua kabla ya saa moja kupita kwamba ameshtakiwa.

Jibu la pili ni kwamba tumekata rufaa. Kukata rufaa hakusimamishi amri. Anayetaka isimame aombe isimamishwe, na mpaka atakapopewa jibu aendelee kutii. La tatu ni kwamba kazi ilikuwa imekwisha kabla amri haijafika, na mara nyingine hilo ni kweli. Hapo jaji makini huangalia saa: amri ilitoka lini, habari zilifika lini, tingatinga lilizimwa lini. Wakili aliyeandika saa hizo anashinda.

Jibu la nne ndilo gumu kuliko yote, kwamba si mimi, ni wizara. Hapa sikubaliani na lile badiliko ambalo Baraza la Malodi lilifanya kwa Baker, hata kama nalielewa. Kuhukumu cheo kunatosha kutangaza kanuni. Hakutoshi kumfanya mtu ainue simu. Cheo hakina mshahara wa kukatwa, hakilali usiku kikiwaza selo, na mwaka ujao kitakaliwa na mwingine. Aliyeamua kukaidi ana jina, na jina hilo ndilo linalopaswa kuandikwa kwenye hati ya mashtaka.

Ushahidi wangu ni Septemba 2024. Mwezi mmoja nyuma, mwanaharakati mmoja na ndugu wawili walikuwa wametekwa Kitengela, kusini mwa Nairobi. Chama cha Wanasheria cha Kenya kilikwenda mahakamani, na Jaji Lawrence Mugambi akamwita Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, Gilbert Masengeli, aje aeleze walipo. Hakuja. Aliitwa tena na tena, mara saba kwa jumla, akituma wasaidizi na visingizio vya kazi za usalama. Tarehe 13 Septemba jaji alimhukumu kifungo cha miezi sita, lakini akakisimamisha kwa siku saba ili apate nafasi ya kufika mwenyewe na kujisafisha. Baada ya hukumu hiyo Tume ya Huduma za Mahakama ilitangaza kwamba walinzi wa jaji wameondolewa, jambo linalopaswa kumtia hofu kila Mkenya. Jaji hakurudi nyuma. Tarehe 20 Septemba Masengeli alisimama mahakamani akaomba radhi, na adhabu ikaondolewa. Siku hizohizo watu watatu waliokuwa wametoweka wakapatikana hai.

Lile halikuwa zuio la kusimamisha jambo, lakini somo lake ni lilelile. Jaji hakuhitaji kumfunga Inspekta Jenerali. Alihitaji jina lake, tarehe, na mlango wa jela uliokuwa wazi upande wa pili wa tarehe hiyo. Adhabu ya namna hii hutazama mbele: inamsukuma mtu atende kile alichoamriwa, na inayeyuka anapokitenda. Faini inayotozwa baada ya ndege kuruka hutazama nyuma tu.

Kwa msomaji wa Tanzania hali ina sura nyingine. Mwananchi hawezi kuishtaki serikali mpaka atoe notisi ya siku 90, na ndani ya siku hizo nyumba inaweza kuvunjwa hata mara mbili. Ndiyo sababu Mahakama Kuu imekubali maombi ya zuio la Mareva, linaloitwa hivyo kutokana na kesi ya Uingereza ya mwaka 1975, ili hali ibaki ilivyo wakati notisi inaiva. Na kwa anayekaidi, Kanuni ya Adhabu, kifungu cha 114, inaitaja dharau ya mahakama kuwa kosa. Zana zipo. Kinachokosekana mara nyingi ni mtu wa kuzitumia mapema.

Basi kama wewe, au kijiji chako, au chama chenu, mtapata zuio leo mchana, msisherehekee kwanza. Someni amri yenyewe. Inasema wazi ni nani amekatazwa, na amekatazwa kufanya nini? Kama haisemi, mrudisheni wakili kwa jaji kabla jua halijazama. Pateni nakala zenye muhuri, zenye onyo la adhabu lililoandikwa juu yake, na zipelekeni kwa mkuu wa idara kwa jina lake, kwa wakili wa serikali, na kwa yule kamanda au msimamizi atakayekuwa uwanjani na watu wake. Andikeni saa. Pigeni picha. Mkikataliwa getini, mtajeni aliyewakataa na muda aliowakataa, kisha mle kiapo siku hiyohiyo. Ukaidi ukianza, rudini mahakamani usiku uleule kama mawakili wa M walivyofanya, na ombeni kwanza jambo lirudishwe lilivyokuwa, ndipo mzungumzie adhabu.

Na wewe ofisa ambaye karatasi hiyo itatua mezani kwako: simamisha kazi, piga simu kwa walio uwanjani, halafu mtume wakili wako akapinge amri hiyo kwa nguvu zake zote. Ukiona jaji amekosea, utamshinda huko. Ukiendelea na kazi huku unaijua amri, kosa ni lako binafsi, na unastahili kuitwa kwa jina lako kulijibu.